Kilima cha Mrushaji

Shemeji yangu alikuwa mchezaji wa kulipwa wa besiboli kwa muda mfupi sana. Watu wa Kiganjo, mtaa wetu wa Thika, husimulia habari zake vibaya, wengine wakisema alifukuzwa kwa kuchimbua kaburi la watu, ndiyo maana nimeona niziandike mimi niliyekuwapo tangu mwanzo. Sikuwa mtazamaji tu. Uwanja niliupima mimi.

Kazi yangu ni kurekebisha mota za umeme, za pampu za maji na za mashine za kusaga unga. Shule niliiacha njiani lakini kusoma sikuacha. Hununua vitabu vinavyotandazwa kando ya barabara mjini Thika, chochote kilichopo, na hivyo ndivyo nilivyopata, pamoja na kitabu cha ufugaji wa sungura, kitabu cha sheria za besiboli kisicho na jalada. Nilikisoma chote. Sikuelewa kitu, kwa hiyo nikakirudia polepole, nikichora michoro. Sikudhani kingenifaa maishani.

Kisha nikaitwa Ruiru kutazama mota ya mashine ya kuchanganya chakula cha kuku. Mwenye mashine alikuwa mfanyabiashara aliyewahi kukaa ughaibuni miaka mingi, akiosha vyombo ndani ya uwanja mkubwa wa besiboli. Mchezo wenyewe hakuwahi kuuona, kwa sababu jiko halikuwa na dirisha upande huo, lakini alisikia kelele za watu kila jioni na akaapa kwamba siku moja angezileta nyumbani. Sasa alikuwa amerudi, ana duka kubwa, na ameanzisha ligi. Aliiita Ligi Kuu. Ilikuwa na timu mbili, Thika na Ruiru. Nilipomwuliza ligi ndogo iko wapi, alinijibu kwamba mtu mwenye akili huanza na kuu.

Ukutani alikuwa amebandika mchoro wa uwanja wenye pembe tatu. Nilimwambia pembe ni nne, na kila pembe huitwa besi. Akauliza najuaje, nikamweleza, na kabla mota haijapoa alikuwa ameniajiri kuwa mpimaji wa uwanja, mwalimu na refa, kazi ambazo kitabu kinasema zisishikwe na mtu mmoja.

Uwanja ulikuwa shamba lake mwenyewe huko Landless, pembeni mwa Thika, ekari kadhaa za majani makavu ambazo hazikuwa zimelimwa tangu anunue. Wachezaji wa Thika niliwatafuta mimi. Mrushaji nilimpata nyumbani kwangu, akila chakula changu: kaka mdogo wa mke wangu, ambaye kazi yake ilikuwa kupakua kabichi sokoni. Alisimama juu ya lori na kuzirusha moja moja kwa mama mboga mmoja wa makamo, mwenye mikono mipana, aliyezidaka bila hata kuacha kuongea na wateja. Niliwachukua wote wawili. Yeye arushe, mama adake, kama walivyozoea.

Tatizo lilikuwa moja. Kabichi hurushwa kwa upole, kwa sababu ikipasuka hainunuliwi.

"Shemeji, rusha kama unataka ipasuke," nilimwambia.

"Ikipasuka nani analipa?"

"Mpira haupasuki."

"Kila kitu hupasuka, shemeji. Ni vile wewe hujarusha vitu mingi."

"Wachana na kijana," mama mboga alinifokea kutoka upande wa pili. "Hivi vidole nitavihitaji sokoni Jumatatu."

Basi akaendelea kurusha kwa upole, na ikawa ndiyo siri ya mafanikio yake. Wachezaji wa Ruiru walikuwa vijana wa kuinua vyuma, waliojifunza kwa kutazama video kwenye simu. Walijiandaa kwa mpira wa kasi. Mpira wa shemeji ulifika baadaye, wakati wameshazungusha gongo na kugeuka nyuma kutazama umeenda wapi. Mechi baada ya mechi walipiga hewa. Ligi ilikuwa na warushaji wawili, na yeye akawa wa kwanza bila ubishi.

Nimesema alikuwa mchezaji wa kulipwa, na neno hilo silitumii ovyo. Mwenye ligi alilipa kwa kile alichokuwa nacho. Baada ya kila mechi shemeji alipewa gunia la chakula cha kuku. Kuku hakuwa nao. Mke wangu alimshauri auze, lakini alikataa. Alisema mshahara wa kwanza wa mtu hauuzwi, akanunua vifaranga ili mshahara upate wa kuula.

Wakati huohuo alikuwa akitaka kuoa. Msichana alikuwa fundi wa kushona nguo kutoka Kalimoni, mpole, mwenye kicheko cha ghafla, na shemeji alikuwa amempenda kiasi cha kuanza kupiga pasi suruali zake za kupakulia mizigo. Tulipokwenda kwao kujijulisha, wazee wetu wakiwa mbele na mimi nyuma yao, baba ya msichana alitupokea vizuri. Alikuwa mkulima, mzee wa kanisa, mtu wa maneno machache. Tulikunywa chai. Kisha akauliza swali ambalo tulijua litakuja.

"Na huyu kijana anafanya kazi gani?"

Wazee wetu wakanigeukia mimi. Nilianza na umbo la uwanja, kwa sababu bila umbo la uwanja mengine hayaeleweki. Nilipofika besi ya tatu mzee aliinua mkono.

"Ngoja kidogo, mwalimu. Anarusha mpira?"

"Anarusha, mzee."

"Anamrushia nani?"

"Mama mboga."

Wanawake waliosimama mlangoni wakaziba midomo.

"Na huyo mama akishaupata?"

"Anamrudishia."

"Halafu?"

"Anarusha tena."

"Na hakuna mtu wa kuwakataza?"

"Yuko mmoja, mzee, anasimama katikati na gongo. Anajaribu kuupiga mpira uende mbali."

"Huyo ndiye mwenye akili," mzee alisema. Akanywa chai kidogo. "Na analipwa?"

"Analipwa."

"Nini?"

"Chakula cha kuku."

Hakucheka. Alimgeukia shemeji, akasema, "Mimi sikatai mtu. Lakini siwezi kumpa msichana wangu mtu ambaye kazi yake sijaiona kwa macho yangu. Nitakuja siku ya huo mpira. Nikiona ni kazi, mtarudi hapa tuongee mambo ya mahari, ruracio yenyewe. Nikiona ni mchezo, basi tumekunywa chai pamoja na tumeshukuru Mungu."

Tukiwa njiani kurudi, mke wangu alimvaa kaka yake. "Kwani ungekufa kusema unapakua kabichi? Si hiyo ni kazi kila mtu anaijua?"

"Ndiyo," alisema. "Kila mtu anaijua. Kila mtu anaweza. Hii ingine ni mimi peke yangu, dada."

 Kuanzia siku hiyo sote tulijua kwamba mechi ile ikifanyika vizuri ana mke, na isipofanyika hana.

Hapo ndipo vipimo vyangu vilipotuletea shida. Nilikuwa nimeweka besi mahali pake hasa, kwa kamba na futi ya chuma, na kila besi nikaipigilia vigingi vilivyopakwa chokaa. Baina ya besi na besi nilichora mstari mweupe. Sikufikiria jinsi shamba la Landless lenye vigingi vyeupe linavyoonekana kwa mtu anayepita. Katika mji wetu lina maana moja tu.

Wa kwanza kuja walikuwa mume na mke waliovaa nguo za kanisani. Mume alitembea kando ya mstari akihesabu nyayo kwa midomo.

"Hizi ploti ni futi hamsini kwa mia?" aliniuliza.

"Ni futi tisini kila upande."

"Na nafasi ile pale? Mmeiacha ya barabara?"

"Hakuna barabara. Hiyo ni besi ya kwanza hadi ya pili."

Akamgeukia mkewe. "Wanauza kwa awamu. Sisi tushike ya kwanza kabla bei haijapanda."

Nilimweleza kwamba haziuzwi. Alinikonyeza jicho, akaomba namba yangu ya simu.

Kufikia mazoezi yaliyofuata tulikuwa na broka, dalali wa mashamba. Alikuwa mwanamume mwenye viatu vilivyochongoka na faili kwapani, na alisimama na wateja wake kwenye besi ya pili kwa sababu ndiyo iliyokuwa kwenye mwinuko na kuonyesha mandhari. Wachezaji waliokimbia waliwazunguka. Mwenye ligi alipandwa na hasira, akaandikisha kwenye ukuta wa shamba kwa herufi nyekundu: ARDHI HII HAIUZWI. Mambo yakaharibika kabisa. Watu wetu wameona maandishi hayo kwenye kila shamba zuri lililowahi kugombaniwa, na waliokuwa na shaka sasa walikuwa na hakika. Wateja waliongezeka. Wengine walikuja na wazazi wao.

Mwenye ligi alianza kuyumba. Alinipigia simu kutoka Ruiru, sauti yake ikiwa chini.

"Mimi napenda hii besiboli. Unajua naipenda."

"Najua."

"Lakini bei wananitajia, fundi! Hata besiboli yenyewe ingekuwa na shamba, ingeliuza."

Alisema angevumilia mpaka mtu aje na pesa zote mkononi. Mtu kama huyo angeweza kuja kesho, au asubuhi ya mechi.

Kilichotuokoa ni udongo. Mrushaji wa besiboli husimama juu ya kilima kidogo cha mviringo, chenye kibao cheupe juu yake, na kilima hicho nilikijenga kwa udongo mwekundu uliosombwa kwa mkokoteni. Udongo uliisha kabla sijafikia upana unaotakiwa. Nilikuwa na urefu, na nilikuwa na kimo, lakini upana ulibaki wa mtu mmoja kulala. Nilipanga kukirekebisha. Kisha jioni moja mama mmoja mnunuzi alikuja akiandamana na broka, akapita besi ya kwanza akitabasamu, akafika katikati, na akasimama ghafla. Aliangalia kile kilima. Aliangalia kile kibao cheupe. Akavua miwani.

"Pole sana," aliniambia kwa sauti ya chini. "Alikuwa nani?"

Mimi ni mtu wa kujibu swali lililoulizwa, na nilikuwa natafuta maneno, lakini mama mboga alinitangulia.

"Ni habari ndefu, mama," alisema, akainamisha kichwa.

Yule mama aliondoka bila kumuaga broka. Hakuna mtu wa kwetu anayenunua ploti yenye kaburi. Ukoo wa marehemu unaweza kuja na wakili wakati wowote, na hata usipokuja, nani atajenga jiko juu ya mtu? Kesho yake nilikuta maua yamepandwa kuzunguka kilima chote, mekundu na ya manjano, yamemwagiliwa.

"Mama, hii si sawa," nilimwambia.

"Kwani nimesema nini? Mimi sijasema kuna mtu. Nimepanda maua. Kitabu chako kimekataza maua?"

Nilikitazama usiku ule. Hakikukataza.

Wateja walikatika wote. Mwenye ligi alinung'unika kidogo, kisha akasema kama hakuna mnunuzi basi tucheze. Ni broka pekee aliyeendelea kuja, bila wateja, akikaa juu ya jiwe na kukitazama kilima kile kama mtu anayesikiliza gari linalokataa kuwaka. Alikuwa ameuza mashamba mengi na alijua makaburi. Kitu kilikuwa kinamsumbua. Nadhani ni ile hali ya marehemu kukanyagwa kila Jumamosi.

Siku ya mechi mzee wa Kalimoni alifika mapema, amevaa koti zito na kofia, fimbo mkononi, pamoja na mkewe na binti yao. Tuliwapa viti vya plastiki karibu na besi ya kwanza. Mke wangu aliwaletea soda. Timu ya Ruiru ilijipanga, mpigaji wao akaja na gongo, mama mboga akachuchumaa, na mimi nikasimama nyuma yake na kofia ya refa. Shemeji alikuwa amepiga pasi mpaka soksi. Akatembea taratibu hadi katikati, akapanda kilima kati ya maua, akasugua kiatu juu ya kibao ili apate mshiko, na akatema mate mkononi.

Mama ya msichana alitoa sauti niliyoisikia kutoka nilipokuwa.

"Ngai! Amesimama juu ya mtu!"

Mzee alikuwa ameshainuka. Aliingia uwanjani na fimbo yake, koti likipepea, akasimama mbele ya kilima.

"Shuka hapo."

Shemeji akashuka.

"Huyu ni nani wenu?" mzee aliuliza akionyesha maua. "Ni baba? Ni nyanya? Hii ndiyo kazi unataka kunionyesha, kumkanyaga mtu wenu na kumtemea mate?"

 Broka alisimama kwenye jiwe lake. Aliacha faili chini na kusogea, polepole, mpaka akawa hatua chache nyuma ya mzee, kichwa kikiwa upande ili asikie vizuri. Mwenye ligi naye alimwona. Sote tulimwona. Shemeji akisema kuna mtu pale, mke hana. Akisema hakuna, kabla ya jioni shamba litakuwa limepata mnunuzi na Ligi Kuu itakuwa imekwisha, na yeye ndiye pekee Landless nzima aliyewahi kupata mshahara kwa kurusha kitu bila kukipakua.

Alinitazama mimi. Sikuwa na sheria ya kumpa.

"Hakuna mtu, baba," alisema. "Ni udongo tu. Mimi husimama hapo nikirusha."

"Na maua?"

"Ni ya mama mboga."

"Ni yangu, mzee," mama mboga alikubali, bado amechuchumaa.

Mzee alitikisa kichwa. "Mimi ni mtu wa kanisa. Siogopi wafu. Lakini siwezi kurudi nyumbani na maneno matupu kwa jambo kama hili. Nitajuaje?"

Shemeji alifikiri kidogo. Kisha alienda kwenye nyumba ya jirani akarudi na jembe. Akavua shati, akalikunja vizuri, akampa yule msichana alishike. Na akaanza kuchimba.

Aliondoa maua kwanza, na mizizi yake, akayaweka pembeni kwa mama mboga. Kisha akakivunja kilima. Mimi nilisimama nikiangalia vipimo vyangu vikitawanyika. Alipofika usawa wa ardhi alimtazama mzee, na mzee akasema, "Mtu hazikwi juu juu," kwa hiyo akaendelea. Alichimba vizuri. Udongo mweusi aliutenga na ule mwekundu, kuta akazinyoosha, na hakupumzika. Vijana wa Ruiru waliacha nafasi zao wakaja kutazama. Wawili wakaanza kutupa udongo nje kwa mikono bila kuombwa. Mpigaji wao alibaki peke yake mahali pake, gongo begani, kwa sababu hakuna aliyemwambia mechi imesimama.

"Buda, tunacheza ama hatuchezi?" alipaza sauti.

Nilimwambia asubiri. Hilo nilikuwa na mamlaka nalo.

Shimo likafika kiunoni, kisha kifuani. Likafika kwenye ardhi ngumu ya kokoto ambayo haijawahi kuguswa na jembe la mtu. Mzee akapiga magoti ukingoni, akaishusha fimbo yake kwa mkono mmoja, akagonga chini hapa na pale. Ilitoa mlio mkavu. Akagonga na kuta. Kisha akaipitisha ile fimbo kando ya ukuta mmoja kutoka juu hadi chini, kama fundi anayetafuta mahali palipopinda.

"Nani alikufunza kuchimba?" aliuliza.

"Baba yangu."

"Alikufunza." Akamnyooshea mkono na kumvuta nje, na hakuuachilia upesi. Aliugeuza akatazama kiganja. "Sasa hii ni kazi. Hii nimeiona kwa macho. Waambie wazee wenu warudi Kalimoni tuongee yaliyobaki."

Yule msichana alicheka, kile kicheko chake cha ghafla, akasahau kwamba ameshika shati, likaanguka kwenye udongo.

Broka alikuwa ameshapiga simu. Nilimsikia akisema, "Ni safi, mama, ni safi kabisa, tumechimba mpaka chini, njoo uone." Mwenye ligi, aliyekuwa amesimama kando yangu, alitazama lile shimo kwa uso wa mtu aliyefiwa. Akaagiza vijana walifukie angalau mechi iishe. Broka akaruka mbele na kusimama ukingoni, mikono ameitandaza.

"Usifukie! Mnajua hii ni nini? Hii ni shimo la choo tayari! Ploti yenye shimo la choo inaenda siku hiyo hiyo!"

Mwenye ligi alimwangalia, akaliangalia shimo, na nikaona akilipima. Akavua kofia ya timu akaiweka mfukoni.

"Bei inabadilika?" aliuliza.

"Inabadilika sana."

Hivyo ndivyo ilivyokwisha. Wakatoka kando, wakaanza kuongea wakielekeana. Shemeji alifuta mikono kwenye suruali iliyopigwa pasi. Alinijia na kuniuliza, kwa sauti ambayo wengine hawakuisikia, kama kitabu kinasema lazima mrushaji asimame juu ya kilima. Nilimwambia kinasema hivyo. Nikafikiri kidogo, nikamwambia pia kwamba mimi ndiye refa.

Aliokota mpira. Akasimama ukingoni mwa lile shimo, upande wa mbele, vidole vya miguu vikiwa karibu kadiri iwezekanavyo na mahali ambapo kibao kilikuwa. Mpigaji wa Ruiru alishusha gongo kutoka begani. Mama mboga aliweka maua yake chini na kuchuchumaa tena. Mzee wa Kalimoni hakurudi kwenye kiti chake. Alitafuta mahali kwenye lundo la udongo, akalibonyeza kwa fimbo kuona kama ni imara, na akakaa hapo na koti lake.

"Sasa anafanya nini?" aliniuliza.

"Anarusha, mzee."

"Haya," alisema. "Arushe nione."